Marufuku Haimkuzi Msanii

Juzi tulijazana kwa nyumba ya rafiki kutazama filamu ya Binka Zhelyazkova, mwelekezi kutoka Bulgaria. Ilipoisha, jamaa mmoja akatangaza eti bila kupigwa marufuku huyu mama hangekuwa mkali hivi. Wengine wakaitikia kwa vichwa. Mimi nilikasirika, na bado sijapoa.

Hebu tuhesabu basi. Binka alizaliwa 1923. Wakati wa vita alikuwa kati ya vijana waliopinga kisirisiri serikali iliyoshirikiana na Wanazi. Wakomunisti waliposhika nchi, walioingia ofisini walikuwa wenzake, si maadui. Mwaka 1957, yeye na mumewe, mwandishi Hristo Ganev, walitengeneza filamu kuhusu wapiganaji wa zamani ambao wakishaonja ukubwa wanasahau walichopigania. Chama kikajiona kwenye kioo, kikaifungia. Watu waliiona 1988. Mtoto aliyezaliwa mwaka ilipotengenezwa alikuwa na miaka 31!

Na sasa huyo jamaa yangu anisikilize vizuri. Filamu yake ya 1961, kuhusu vijana wa upinzani mjini Sofia, haikufungiwa. Ilishinda tuzo Moscow. Mle ndani kuna giza totoro, na viduara viwili vya mwanga wa tochi vinatafutana kama wapenzi. Huo ukali alifundishwa na afisa gani wa udhibiti? Alikuja nao mwenyewe, bana.

Halafu 1967 akatoa ile tuliyokuwa tukiitazama: wanakijiji wakati wa vita wanaona puto kubwa la kijeshi likielea juu yao, wanashika bunduki kuukuu na kulifuata. Inachekesha mpaka inaanza kuuma. Nayo ikaondolewa kwenye kumbi. Filamu ndefu iliyofuata ni ya 1973. Yaani kati ya 1961 na 1973, miaka ambayo mwelekezi ana nguvu na akili imekomaa, alipata nafasi ya filamu ndefu moja tu, na hiyo moja wakaificha. Miaka ya themanini aliingia na kamera katika gereza la wanawake, akatoka na filamu mbili za maisha halisi. Zikafungwa pia.

Jumla ni filamu ndefu saba. Utawala ulipoanguka 1989 alikuwa na miaka 66, na hakutengeneza nyingine hadi alipofariki 2011. Kama marufuku ni mbolea, mbona shamba lilibaki tupu hivyo?

Wanaopenda hizi hadithi za msanii kunolewa na mateso huwa wamekaa kwa sofa, wakitazama zile chache zilizopona. (Ndiyo, hata mimi nilikuwa kwa sofa.)

“Lakini hiyo ya puto ni noma,” jamaa akasisitiza.

Ni noma kweli. Nikamwambia anitafutie ya 1964.