Ifakara Wanalilia Malkia wa Watu, Bi Salme Je?

Jioni pale Ifakara, kuanzia Kibaoni hadi Lipangalala, tamthilia za masultani wa Kituruki zikianza saluni zote kimya. Mabinti wanajua nani kamfitini nani kwenye kasri la Istanbul, utadhani shangazi zao wanakaa kule. Sawa, burudani ni burudani.

Ila maprodyuza wanaodai Bongo haina stori za kifalme wanazingua. Bi Salme, binti wa Sultani Said wa Zanzibar, alijifunza kuandika kwa siri. Mwaka 1859, akiwa na miaka 15 tu, akawa karani wa njama ya kaka yake Barghash dhidi ya kaka mwingine, Sultani Majid. Mwaka 1866 akatoroka na meli ya kivita ya Uingereza, ana mimba ya Mjerumani aliyempenda. Hiyo siyo stori?

Na bondeni Kilombero kwenyewe, Mtema Kiwanga wa Wabena aliungana na Wajerumani dhidi ya Mkwawa. Usaliti, au akili ya kuokoa watu wake? Msimu mzima huo!

Watasema mavazi ya kifalme ghali. Mbona hela ya kukodi gari la kifahari kwa sini moja ipo? Siku wageni wakizichukua stori hizi na kuzipotosha, wasije kulialia.

Wadau, mnasemaje?