Mwezi wa Sikukuu na Mvua ya Shamba

Karani mmoja wa Embu ametuletea swali ambalo limezusha ugomvi nyumbani kwao. Baba yake analima karibu na Runyenjes, na desturi yake ni kungoja Pasaka ndipo apande maharagwe, maana wakati huo vijana hurudi kutoka Nairobi wakashika majembe. Mwaka 2024 Pasaka ilikuwa tarehe 31 Machi, na mambo yakaenda vizuri. Mwaka 2025 mzee alingoja vile vile, lakini Pasaka ikafika tarehe 20 Aprili, na maharagwe ya jirani yalikwisha kuota. Mzee asema kalenda imemdanganya. Kijana ameuliza: Je, ni nani mwenye kosa?

Kwanza na tuitazame hesabu yenyewe. Tangu Mtaguso wa Nikea wa mwaka 325, Kanisa lilitaka Wakristo wote waadhimishe Pasaka siku moja. Kanuni iliyoenea ni hii: Pasaka ni Jumapili ya kwanza baada ya mwezi mpevu unaoangukia tarehe 21 Machi au baada yake. Tarehe hiyo iliwekwa kwa sababu ni karibu na siku ambayo jua hupita juu ya mstari wa Ikweta. Mtu wa Meru hana haja ya kwenda mbali kuushuhudia mstari huo, kwani barabara ya kutoka Meru mjini kwenda Nkubu inaukata. Siku hizo, adhuhuri, mti uliosimama wima karibu hauna kivuli.

Sasa yaangalieni yaliyotokea. Mwaka 2024 mwezi ulipevuka tarehe 25 Machi, na Jumapili iliyofuata ikawa Pasaka. Mwaka 2025 mwezi ulipevuka tarehe 14 Machi, wiki moja kabla ya mpaka, basi haukuhesabiwa. Ikabidi kuungoja mwingine, nao ulipevuka tarehe 13 Aprili, ambayo yenyewe ilikuwa Jumapili; kwa hiyo Pasaka ikawekwa Jumapili ya baadaye. Kwa kanuni hiyo Pasaka yaweza kuwa mapema kama tarehe 22 Machi, au kuchelewa hata tarehe 25 Aprili. Hayo ni majuma karibu matano. Wamethodisti wa Kaaga, Wakatoliki wa Nkubu na Waanglikana wa Kigari wote huifuata hesabu hiyo moja.

Ndugu zetu Waislamu, wenye misikiti yao Meru na Embu mjini, huufuata mwezi peke yake. Jioni ya siku ya 29 hutazama mbinguni. Mwezi mwandamo ukionekana, mwezi mpya umeanza. Usipoonekana, hutimiza siku 30. Miezi 12 ya namna hiyo ni siku 354 au 355 tu, na kwa hiyo Idi hurudi nyuma siku 11 hivi kila mwaka, ikizunguka majira yote kwa muda wa miaka kama 33. Hesabu yaonyesha kwamba mwaka 2030 Ramadhani itaanza mara mbili, Januari na tena Desemba. Kwa sababu hiyo karani anayeomba ruhusa ya Idi asiandike tarehe kwa wino kabla mwezi haujatangazwa.

Je, wazee wa pwani walilimaje, nao ni Waislamu? Walikuwa na hesabu mbili. Kwa saumu na Idi walishika mwezi. Kwa kilimo na safari za majahazi walishika mwaka wa jua wa siku 365, ulioanza Nairuzi, wakazihesabu siku zake kwa makumi, kila kumi likiitwa mwongo. Makunduchi, Unguja, huadhimisha mwaka huo hata leo mwezi wa Julai, katika sherehe ya Mwaka Kogwa. Hawakuiambia Idi iwaonyeshe siku ya kupanda.

Basi jibu letu kwa kijana ni hili. Kalenda haikumdanganya baba yako. Iliulizwa jambo lisilo kazi yake. Mvua za masika kwetu huja kwa mwendo wa jua na pepo, kwa kawaida kati ya Machi na Mei, wala hazina habari na mwezi mpevu. Maharagwe yakichelewa majuma matatu, mvua huweza kukatika yangali katika maua.

Lakini wewe nawe, kijana, usimlaumu mzee upesi. Hakuwa akiingoja Pasaka. Alikuwa akiwangoja ninyi. Mwaka ujao itazame tarehe ya Pasaka mapema. Ukiona imechelewa, omba ruhusa ya siku mbili mwezi wa Machi, au umpelekee mzee ujira wa vibarua, shamba liwe tayari. Mvua haipigi hodi. Kisha Pasaka itakapofika, nendeni nyote kanisani kwa furaha, na maharagwe yenu yakiwa yameota.