Kabla hatujasema filamu ni haramu



Juzi baada ya Isha tulikaa wanawake sita hapa Rukuba tukitazama Vuta N'kuvute kwenye simu. Ni filamu ya Amil Shivji ya mwaka 2021, iliyotokana na riwaya ya Adam Shafi. Ni Zanzibar ya miaka ya 1950. Yasmin, binti wa Kihindi, ameozwa mwanamume wa umri wa baba yake. Anamkimbia, kisha anampenda Denge, kijana mpigania uhuru. Mahaba yalipoanza, shangazi akasema, "Zimeni, hiyo haramu!" Tukazima.

Simlaumu shangazi. Macho nayo yana stara yake, na mahaba nje ya ndoa dini yetu haiyakubali. Ila nililala nikiwaza: Yasmin alipoozwa, mbona hakuna aliyesema haramu?

Kufungia filamu ni rahisi. Mwaka 2018 Kenya iliipiga marufuku Rafiki ya Wanuri Kahiu, kwa sababu ya mapenzi ya wasichana wawili. Septemba mahakama ikairuhusu kwa siku 7 tu, na watu wakajaa kumbi za Nairobi. Marufuku haikuwajibu vijana swali hata moja. Majibu hutoka kwetu nyumbani, tukikubali kuzungumza.

Tuanze na la Yasmin. Bi Khansaa binti Khidham alipoozwa na baba yake bila kuridhia, alimwendea Mtume (s.a.w.), na ndoa ile ikavunjwa. Na ule ukimya wa mwari tunaouhesabu kuwa idhini ni ukimya wa haya, si wa hofu. Hata Sheria yetu ya Ndoa ya 1971 iliyoruhusu binti wa miaka 15 kuolewa kwa idhini ya wazazi, Mahakama ya Rufani ilisema mwaka 2019 kwamba kifungu hicho kinakiuka Katiba.

Kwa hiyo mama, shangazi, somo: kabla ya hina, kaeni na binti faragha, baba na wajumbe wa posa wasiwepo, mumuulize kama ameridhia. Akilia, msikimbilie kusema ni machozi ya furaha. Nawe bibi harusi mtarajiwa, ukiulizwa, sema lililo moyoni. Kusema si utovu wa adabu, ni haki uliyopewa na dini yako.

Allah atujaalie ndoa zenye ridhaa na mapenzi. Amin.