Kasumba Si Neno la Kunyamazishia Watu

Tangu siasa ya Ujamaa na Kujitegemea ilipotangazwa mwaka 1967, neno kasumba limesikika majukwaani, madarasani na katika vikao vya kazi, hata vijana wengi hudhani lilizaliwa huko. Sivyo. Kasumba kwa asili ni afyuni. Katika jimbo la Gujarat, India, kasumbo ni maji ya afyuni ambayo kwa desturi mgeni hukaribishwa nayo. Na wafanyabiashara wa huko wameijua pwani ya Afrika ya Mashariki kwa karne nyingi.

Waliolihamisha neno hilo kutoka kwenye kileo hadi kwenye fikra walichagua vyema. Afyuni ndiyo bidhaa iliyoipeleka Uingereza vitani dhidi ya China mwaka 1839 hadi 1842, ili biashara yake isizuiwe. Mlevi wa afyuni hahitaji kulazimishwa. Humtafuta muuzaji mwenyewe, na akinyimwa hulalamika kwamba ameonewa. Hapo ndipo kasumba inapotengana na ujinga. Mjinga hajui, na akifundishwa hujua. Mwenye kasumba amekwisha kufundishwa, tena pengine ana vyeti. Mwalimu anayemvisha kibao shingoni mtoto aliyezungumza Kiswahili uwanjani hakuamriwa na gavana yeyote. Tanganyika ilijitawala mwaka 1961, kabla hata mwalimu huyo hajazaliwa.

Lakini neno lenyewe sasa laelekea kuwa kileo cha pili. Karani humpelekea mkuu wa idara hoja kwamba utaratibu fulani unawachelewesha wananchi, naye, badala ya kulifungua jalada, hujibu: "Hiyo ni kasumba." Mjadala umekwisha. Karani hurudi mezani kwake, na wananchi huendelea kupanga foleni dirishani. Ilhali kasumba hasa ni wazo lililotangulia ushahidi, likang'ang'aniwa hata ushahidi ulipoletwa, liwe limetoka London au limeota papo hapo ofisini. (Na kupenda kunyenyekewa na wenye shida ni urithi wa bwana shauri.)

Afisa anayelitamka neno hilo hana budi kueleza ni fikra ipi anayoikataa, imetoka kwa nani, na nani anayenufaika nayo. Akishindwa, jalada bado liko mezani pake, lasubiri kufunguliwa.