Je, Pigo Hili Litatosha? Mchezo wa Simu na Somo la Hisabati

Msafiri atokaye Mwanza mjini kwenda Musoma hufika Kisesa kabla hajachoka kuketi garini. Wengi wanapajua mahali hapo kwa sababu ya Bujora, penye makumbusho ya Wasukuma, na kwa sababu ya sikukuu ya Bulabo, ambayo mwezi wa Juni huwakutanisha wacheza ngoma wa Bagika na Bagalu. Vyama hivi viwili vimeshindana tangu karne ya 19. Kila upande hucheza mahali pake, na mshindi ni yule awezaye kuwavuta watazamaji wengi zaidi. Katika simulizi za wazee, aliyeshindwa hakushindwa kwa hesabu. Alishindwa kwa kuwa dawa ya mwenzake ilikuwa kali kuliko yake.

Nilizikumbuka simulizi hizo hivi karibuni, nilipokwenda Kisesa kumjulia hali dada yangu. Mwanawe, ambaye yuko kidato cha tatu, alikuwa chini ya mwembe pamoja na rafiki yake, wakishindana kwa simu katika mchezo uitwao Pokémon. Kijana alitoa pigo akiwa na hakika kwamba litamwangusha mpinzani. Halikumwangusha, na zamu iliyofuata akaangushwa yeye.

"Shikamoo mjomba," akaniambia kwa huzuni. "Umekuta nimeonewa. Lile pigo halikosei kamwe. Leo bahati tu imenikataa."

"Marahaba. Je, ulihesabu kabla ya kupiga?"

Akanyamaza. Katika makala haya nataka kueleza kwamba hesabu ambayo kijana yule hakuifanya ni somo zuri la hisabati, na kwamba walimu wetu wa sekondari wangefanya vema kuiingiza darasani, pasipo kuhitaji simu hata moja.

Mchezo wenyewe

Kwa faida ya msomaji asiyeufahamu, mchezo huu ulitolewa kwanza nchini Japani mwezi wa Februari 1996. Mbunifu wake, Satoshi Tajiri, alikuwa tangu utotoni mpenzi wa kukusanya wadudu, na desturi hiyo ndiyo iliyozaa wazo la viumbe wa kubuniwa wanaokusanywa na kushindanishwa. Kila kiumbe ana tabia zake zilizoandikwa kwa namba: daraja alilofikia, uhai alio nao, ukali wa shambulio lake na uthabiti wa kinga yake. Kadhalika kila kiumbe ni wa jinsi fulani. Maji hulishinda jinsi ya moto, moto huyashinda majani, nayo majani huyashinda maji. Wachezaji hodari hukutana kila mwaka katika mashindano ya dunia, na pale kubahatisha hakumfikishi mtu mbali.

Madhara ya pigo hupatikana kwa kanuni. Kanuni hiyo haikutangazwa na watengenezaji. Wachezaji wenyewe waliipata kwa kufanya majaribio mengi na kwa kuichambua programu. Jambo hilo peke yake latosha kutufundisha namna sayansi inavyokwenda. Kwa maneno, kanuni yasema hivi: zidisha daraja la mshambuliaji kwa 2, gawanya kwa 5, jumlisha 2. Jibu ulizidishe kwa nguvu ya pigo, kisha kwa shambulio la anayepiga. Gawanya kwa kinga ya anayepigwa, gawanya tena kwa 50, kisha jumlisha 2. Kila ugawapo, sehemu ya desimali hutupwa, ikabaki namba kamili tu.

Hapo huingia bahati. Mashine huchagua namba moja kati ya 85 na 100, na madhara huhesabiwa kuwa asilimia hiyo ya jibu letu. Namba hizo ni 16, na kila moja ina nafasi sawa na nyingine ya kuchaguliwa. Baada ya hapo, ikiwa kiumbe anapiga pigo la jinsi yake mwenyewe, jibu huzidishwa kwa 1.5. Ikiwa anayepigwa ni dhaifu mbele ya jinsi hiyo, huzidishwa kwa 2.

Hesabu ya kijana wa Kisesa

Tulikaa na kalamu na karatasi. Kiumbe wake alikuwa Charizard, wa jinsi ya moto, daraja la 50, mwenye shambulio 161. Mpinzani alikuwa Venusaur, wa jinsi ya majani, mwenye kinga 120 na uhai 155. Pigo lilikuwa lile liitwalo Flamethrower, lenye nguvu 90.

Daraja la 50 hutupatia 22. Mara 90 ni 1980. Mara 161 ni 318780. Tukigawanya kwa 120 twapata 2656.5, yaani 2656 baada ya kutupa desimali. Tukigawanya kwa 50 twapata 53, na tukijumlisha 2 twapata 55.

Sasa tuzitazame ncha mbili. Bahati ikiwa ya chini kabisa, asilimia 85 ya 55 ni 46; mara 1.5 ni 69. Mara 2 ni 138. Bahati ikiwa ya juu kabisa, 55 hubaki 55, mara 1.5 ni 82. Mara 2 ni 164. Basi pigo lile hutoa madhara yaliyo kati ya 138 na 164, na uhai wa mpinzani ni 155. Ukizipitia namba zote 16 utaona kwamba kuanzia 95 hadi 100 pigo hutosha, na kwamba kuanzia 94 kurudi chini halitoshi. Nafasi ya kijana yule ilikuwa 6 katika 16. Liko pia tukio la nadra, 1 katika 24, ambapo pigo hugonga kwa nguvu zaidi na madhara huongezwa mara 1.5, hapo mpinzani angeanguka kwa vyovyote. Tukilijumlisha na hilo, nafasi yote ni takriban 40 katika 100.

Kwa hiyo bahati haikumkataa. Alitoa pigo ambalo mara nyingi zaidi halitoshi, akalishangaa lilipofanya kama desturi yake.

Kutokosea na kutosha

Kosa lake la pili lina mafunzo makubwa zaidi. Kiumbe wake alikuwa na pigo jingine la moto, Fire Blast, lenye nguvu 110. Hakulitumia kwa kuwa pigo hilo hupata shabaha mara 85 tu katika 100, hali lile la kwanza halikosei. Aliona kwamba amechagua njia ya usalama.

Tuihesabu njia hiyo. Kwa nguvu 110, hatua ya kwanza hutoa 66 badala ya 55. Bahati ya chini kabisa hutupa 56, ambayo huwa 84, kisha 168. Hata katika hali mbaya kabisa, pigo hili likigusa tu, limevuka 155. Nafasi ya kumwangusha mpinzani ni 85 katika 100, zaidi ya mara mbili ya ile aliyoichagua.

Kijana alichanganya mambo mawili: pigo lisilokosa shabaha na pigo linalotosha. Mchanganyiko huo hauko katika michezo tu. Mkulima anayechagua mbegu kwa kuwa haikosi kuota, pasipo kuuliza kama mavuno yake yatatosha kulisha nyumba hadi msimu ujao, amekosea hesabu ile ile. Mwanafunzi asiyefundishwa kuuliza "haikosi nini?" na "yatosha nini?" atalibeba kosa hilo hadi utu uzima.

Desimali zinazotupwa

Wako watakaouliza kwa nini tusumbuke na desimali. Rudia hesabu ya pigo la kwanza bila kutupa chochote. Badala ya 55 utapata 55.13, na kwa asilimia 94 madhara yatakuwa 155.47, ambayo yanatosha. Nafasi itakuwa 7 katika 16 badala ya 6. Tofauti hiyo imetokana na mahali tulipozitupa desimali, wala si pengine.

Tuutazame pia upande wa mlinzi. Je, Venusaur angehitaji kinga kiasi gani ili astahimili pigo la nguvu 90 kwa hakika, tukiliacha kando lile tukio la nadra? Kinga 127 haitoshi, kwani pigo la juu kabisa litakuwa 156. Kinga 128 inatosha, kwani litashuka hadi 152. Pointi moja imetenganisha shaka na hakika. Mwanafunzi atakayeipata 128 kwa mkono wake amekwisha kujifunza maana ya kutatua kutokuwa sawa, jambo ambalo wengi hulikariri kwa ajili ya mtihani na kulisahau baada yake.

Kwa nini si kupoteza wakati

Najua mashaka ya walimu wenzangu. Simu zimewapokonya wanafunzi usingizi na saa za kujisomea, na shule zinazozikataza zina sababu. Sitetei simu. Ninachotetea ni swali ambalo kijana amekwisha kulipenda kabla hatujamfundisha. Darasani humpa kanuni ya kutafuta kitu asichokihitaji. Chini ya mwembe anakihitaji kitu, na kanuni hana.

Wala tusidhani kwamba hesabu katika mchezo ni jambo geni kwetu. Wazee wa Usukuma wana bao lao waitalo isolo, na watu wa pwani wana bao la kete 64 na mashimo 32. Mchezaji hodari wa bao huhesabu mzunguko wa kete kabla hajainua mkono. Tofauti ni kwamba katika bao hakuna kilichofichwa. Kete zote zi mbele ya macho, na aliyehesabu vema hadanganywi na bahati. Mchezo huu wa simu umeongeza jambo ambalo bao halina, nalo ni uwezekano. Hapo ndipo penye udhaifu wa wanafunzi wetu: humaliza sekondari wakidhani kwamba wastani ni ahadi.

Hata hivyo, tusiufananishe mchezo na maumbile pasipo tahadhari. Katika mchezo, kanuni imewekwa na mtu na nafasi zote zinajulikana. Katika maumbile hatuna wa kumwuliza. Inatulazimu kuhesabu kwa miaka. Kisesa yenyewe ina mfano wa heshima. Mwaka 1994 ulianzishwa hapo utafiti wa kufuatilia maambukizo ya virusi vya UKIMWI miongoni mwa wakazi wa kata, ambao Taasisi ya Taifa ya Utafiti wa Magonjwa ya Binadamu imeshiriki. Watu walihesabiwa nyumba kwa nyumba, duru baada ya duru. Matokeo ya utafiti wa namna hiyo hutolewa pamoja na kikomo cha chini na kikomo cha juu, kama vile 138 na 164 zetu. Msomaji asiyejua maana ya vikomo hivyo atachukua namba moja ya katikati na kuiamini kama kijana yule alivyoliamini pigo lake.

Pendekezo

Mwalimu na afanye hivi. Aandike namba 85 hadi 100 katika vipande 16 vya karatasi na kuvitia katika kopo. Darasa la wanafunzi 40 lichote, kila mmoja mara nne, akikirudisha kipande na kulitikisa kopo kila mara. Kwa kila namba, mwanafunzi akokotoe madhara na kuandika "limetosha" au "halikutosha". Jumla itakuwa machoto 160, na tutarajie "limetosha" mara 60 hivi. Haitakuwa 60 kamili. Kwa kawaida itaangukia kati ya 48 na 72. Mwalimu awaulize kwa nini, na awaache wabishane.

Nawasihi pia wawaache wabishane kwa Kiswahili. Lugha ya kufundishia sekondari ni Kiingereza, na mtihani utaandikwa kwa lugha hiyo. Lakini mabishano niliyoyasikia Kisesa yalikuwa kwa Kiswahili kilichochanganyika na Kisukuma, na hakuna hatua ya hesabu iliyokosa neno. Fikra ikishakomaa katika lugha ya mwanafunzi, kuivusha hadi katika lugha ya mtihani ni kazi ndogo kuliko kuizalisha huko.

Tulipomaliza, mpwa wangu aliitazama karatasi kwa muda. "Basi sikuonewa, mjomba," akasema. Kisha akamgeukia mwenzake na kumwuliza kinga ya kiumbe wake ni ngapi, akashika kalamu. Hapakutajwa tena bahati, hadi nilipoondoka.