Majaribio Yasiyo na Mwisho



Jioni tukivuka daraja la Nyali kurudi Bombolulu, maneno ndani ya matatu huwa yale yale. "Umeshathibitishwa?" "Bado, ningali katika majaribio." Huyu ana miezi 8, yule 14. Wakiuliza huambiwa wangoje, faili inashughulikiwa.

Kungoja huko kuna hasara yake. Aliye katika majaribio aweza kuondolewa kwa notisi ya siku 7 tu. Mwenzake wa mshahara wa mwezi aliyekwisha kuthibitishwa hupewa siku zisizopungua 28. Kwa mtu mwenye kodi ya nyumba na karo, tofauti hiyo si ndogo.

Sheria ya Kazi ya mwaka 2007 imelisema jambo hili wazi. Majaribio yasizidi miezi 6. Mwajiri akitaka kuongeza, aweza kuongeza muda usiozidi miezi 6 mingine, tena kwa ridhaa ya mfanyakazi mwenyewe. Jumla yake mwaka mmoja, basi. Faili kulala mezani kwa karani si ridhaa ya mtu.

Sisi watu wa reli twajua: gari likizuiwa na signali muda mrefu, dereva halali usingizi, hupeleka habari stesheni kuuliza. Nawe andika barua. Taja tarehe uliyoanza kazi, uliza jibu, ubaki na nakala iliyotiwa sahihi ya aliyeipokea. Wengi wetu tumeona mtu mwenye haki akishindwa kwa kukosa karatasi. Usipojibiwa, mwone mwakilishi wa chama; kisha ofisa wa kazi; kisha Mahakama ya Kazi, ambayo hukaa hapa hapa Mombasa. Usilale, maana madai yakipita miaka 3 mlango umefungwa.

Majirani zetu askari polisi nao wametuuliza. Kwa kweli hali yao ni ngumu zaidi. Sheria hiyo ya 2007 imewaacha nje, wala hawana chama cha kuwasemea. Lakini hawakuachwa bila njia. Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 246, imeipa Tume ya Taifa ya Huduma kwa Polisi kazi ya kuwathibitisha, na kifungu cha 47 chataka uamuzi wa serikali utolewe upesi na kwa haki. Askari na aandike kupitia kwa mkubwa wake, kisha kwa Tume, aombe sababu za kucheleweshwa kwa maandishi. Wakinyamaza, Sheria ya mwaka 2015 ya Utendaji wa Haki Serikalini yamruhusu kwenda mahakamani, nayo mahakama yaweza kuamuru uamuzi utolewe. Asiruke ngazi za kwanza. Akiziruka, huenda akarudishwa bila kusikilizwa.

Mwanachama ambaye hajathibitishwa na ailete barua yake ya kuajiriwa ofisini Jumamosi asubuhi, tuzihesabu tarehe pamoja.