Hesabu za Nyumbani: Bei Iliyojificha Ndani ya Jumla

Msomaji wetu mmoja, mama wa watoto wanne anayeishi karibu na Garsen, ametuletea swali ambalo nimeona heri nilijibu hapa, maana najua si lake peke yake. Mumewe anafanya kazi Malindi. Mama huchukua vitu dukani kwa deni, na mwisho wa mwezi bwana hutuma pesa kwa simu, deni likalipwa. Mwenye duka huandika daftarini vitu vilivyochukuliwa na jumla yake, basi. Bei ya kila kitu haandiki. Mwezi uliopita bwana alikuja nyumbani, akalifungua daftari, akaona jumla zinapanda, akauliza pesa zake zinakwenda wapi. Mama anasema hajala hata senti moja, lakini hana la kumwonyesha.

Analo, tena limo mle mle daftarini.

Tuanze na juma la kwanza. Siku moja alichukua sukari kilo 2 na unga pakiti 3, jumla Sh770. Siku ya pili yake, sukari kilo 1 na unga pakiti 4, jumla Sh760.

Mstari mmoja peke yake hausemi kitu. Hiyo Sh770 yaweza kuwa sukari ya Sh100 na unga wa Sh190, au sukari ya Sh220 na unga wa Sh110. Zote zinaingia sawasawa. Lakini iweke mistari yote miwili mbele yako. Uzidishe ule wa pili kwa mbili: sukari kilo 2 na unga pakiti 8 zingekuwa Sh1,520. Sasa sukari imelingana juu na chini, kwa hiyo ukitoa mstari wa kwanza, sukari inaondoka yote. Zinabaki pakiti 5 za unga kwa Sh750. Pakiti moja ni Sh150. Rudi mstari wa pili: pakiti 4 ni Sh600, basi kilo ya sukari ni Sh160.

Watoto wetu wa sekondari wanaijua kazi hii kwa jina la milinganyo, nao huandika x na y. Herufi hizo zisikutishe, mama. Ukipenda andika s na u, sukari na unga. Hesabu ni ile ile.

Sasa twende kwenye ugomvi wenyewe. Juma la tatu daftari linasema sukari kilo 3 na unga pakiti 2, Sh830. Kwa bei tulizopata ingekuwa Sh780. Sh50 zimetoka wapi? Hapa ndipo bwana alipopiga meza. Lakini mama anaeleza kwamba katikati ya majuma hayo mvua ilinyesha, njia ikaharibika na malori yakachelewa. Watu wa Tana River hawahitaji kuelezwa jambo hilo. Waliyaona mafuriko ya 1997 na 1998, wakayaona tena mwishoni mwa 2023. Mto ukifura, kinachotoka Malindi hakifiki kwa bei ya jana.

Kwa hiyo bei za juma la kwanza haziwezi kuhukumu juma la tatu. Tunahitaji mistari miwili ya juma hilo hilo, na bahati nzuri upo mwingine: sukari kilo 1 na unga pakiti 1, Sh330. Zidisha kwa mbili, Sh660, kisha toa kwenye Sh830. Inabaki kilo moja ya sukari, Sh170. Unga basi ni Sh160. Kila kitu kimepanda shilingi kumi, na vitu vilikuwa vitano: ndizo zile Sh50. Mstari wa mwisho wa juma hilo, kilo 2 na pakiti 1 kwa Sh500, nao unakubali, maana 340 na 160 ni 500. Huyo ni shahidi, na bwana akiupata ushahidi huo sioni atadai nini zaidi.

Kuna mtego mmoja. Kama mama angechukua kilo 2 na pakiti 3, halafu kilo 4 na pakiti 6, mstari wa pili ungekuwa wa kwanza uliorudiwa mara mbili, na bei zisingejulikana kamwe. Lazima vikapu vitofautiane. Njia fupi zaidi, bila shaka, ni kumwomba mwenye duka aandike bei.

Wale wa mifugo nao wasijione wametengwa. Wachina waliandika kitabu cha hesabu yapata miaka 2,000 iliyopita, na ndani yake mna fumbo ambalo lingefaa soko lolote la mifugo huko Tana: ng'ombe 5 na kondoo 2 ni vipande 10 vya dhahabu, ng'ombe 2 na kondoo 5 ni vipande 8. Kila mmoja bei gani? Nawapa dokezo: jumlisheni mistari yote miwili, mtapata ng'ombe 7 na kondoo 7 kwa vipande 18. Kisha toeni wa pili kwenye wa kwanza, mwone kinachobaki. Jibu halitoki zima, lina sehemu za ishirini na moja, kwa hiyo kalamu na karatasi ziwe karibu.